Kobe hapakwi mafuta

Kama una chupa ya alizeti mkononi na kobe miguuni, weka chupa chini kwanza. Juzi kaletwa mwingine, gamba linang'aa utadhani kiatu cha mtumishi anayeripoti Mtumba, mji wa serikali, siku ya kwanza. Mwenye kobe ni kijana wa Kizota, ana heshima zake: "Shikamoo dokta. Nampaka kila siku lakini linazidi kunuka."

Marahaba. Linazidi kunuka kwa sababu unampaka.

Mantiki yenu naielewa. Dodoma kukavu, midomo inapasuka, visigino vinapasuka, basi na kobe naye apakwe. Lakini tabaka la juu la gamba ni keratini, kitu kile kile cha kucha, na chini yake ni mfupa ulioungana na mbavu na uti wa mgongo, wenye damu na mishipa ya fahamu. Mafuta hayalilishi wala hayalilainishi. Yanakaa juu, yanashika vumbi, kisha yanaingia kwenye mistari kati ya kipande na kipande, mahali ambapo bakteria na ukungu hupenda kuanzia. Kama tayari kuna kidonda, umekifunika. Mimi nikiletewa huyo kobe, kazi ya kwanza ni kumwosha ili nione ninachotibu.

Vitabu vingine vinasema mafuta yanazuia mwanga wa jua kutengeneza vitamini D kupitia gamba. Hoja hiyo siitumii. Vitamini D inatengenezwa kwenye ngozi, na kobe ana shingo na miguu ya kuotea jua. Sababu za kuacha mafuta zinatosha bila kuongeza ya mashaka.

Kinachonichosha zaidi ni kwamba wapakaji wamekaribia ukweli, wakapita pembeni. Ukavu kweli una neno. Zile nundu zinazoota mgongoni kama vilima, miaka mingi tuliambiwa zinatokana na protini nyingi tu. Mwaka 2003 ukachapishwa utafiti wa kobe wa Sahel, ukanda ulio kusini mwa Sahara, waliolelewa kwenye unyevu tofauti na vyakula tofauti, na hewa kavu ikaonekana kuchangia nundu kuliko protini. Sasa fikiria kiangazi chetu cha Mei hadi Novemba. Kwa hiyo kobe mchanga apate kona yenye udongo wa unyevunyevu wa kujificha, na maji kwenye sahani ya chini anayoweza kuingia mwenyewe. Unyevu huo ni wa hewa, udongo na tumbo lake, na unasaidia wakati gamba linakua. Ukiniletea kobe aliyekomaa mwenye nundu, sina dawa, na nundu zikishaota hazirudi. Tena wale kobe wakubwa wenye madoa hukutwa porini na nundu zao wakiwa wazima kabisa, kwa hiyo hata mimi sijui niziite ugonjwa kila mara au sura tu.

Gamba laini ni habari nyingine. Bonyeza taratibu kwa kidole gumba. Mtoto wa miezi michache likibonyea kidogo, muache. Mkubwa likibonyea, ana shida ya kalsiamu, na nikiuliza anakula nini jibu huwa ugali na wali, halafu anaishi ndani kwenye boksi. Ugali una fosforasi nyingi kuliko kalsiamu. Jua la kupitia kioo cha dirisha halihesabiki. Mtoe nje, mpe na kivuli cha kukimbilia, mpe nyasi, mlenda pori, mpungate uliotolewa miiba, na maganda ya mayai yaliyosagwa. Kasoro ni kobe bapa wa miambani. Huyo gamba lake ni jembamba na hunepa kwa maumbile, ndiyo maana anajibana kwenye nyufa za mawe. Msimtibu, na msimtoe huko alipo. Na kumbukeni kobe ni mnyamapori, kumfuga kunataka kibali.

Ule mstari mweupe kati ya vipande ni gamba jipya linakua. Wapo wanaousugua kwa waya wa sufuria wakidhani ni ukungu, mpaka damu inatoka.

Kuoza kwenyewe utakujua kwa harufu, kipande kinachoinuka, vishimo vyenye uji mweupe, au wekundu chini ya gamba. Doa dogo: mswaki laini na maji, kisha povidoni, ile dawa ya kuoshea vidonda, iliyozimuliwa mpaka iwe rangi ya chai nyepesi, dakika kumi hivi, suuza, kausha. Kila siku. Alale pakavu na pasafi. Kobe wa maji akae nje ya maji sehemu kubwa ya siku, arudishwe kula na kunywa. Akiacha kula au wekundu ukisambaa, maambukizi yameshaingia kwenye damu, anahitaji sindano, kwa kawaida seftazidimu, dawa ya kuua bakteria, kila baada ya siku 3. Tulifundishwa kuchoma mguu wa mbele, kwa hofu kwamba dawa ya mguu wa nyuma inapita kwenye figo kwanza. Tafiti za baadaye zimeipunguza hofu hiyo. Bado nachoma mbele, mkono umezoea.

Aivamektini, dawa ya minyoo ya ng'ombe, isimkaribie kabisa. Inaua kobe, hata kwa kipimo unachokiona kidogo.

Aliyegongwa na bodaboda au kutafunwa na mbwa, usimzibe ufa kwa gundi. Unafungia uchafu ndani. Usimwagie kitu kwenye ufa wa mgongoni pia, mapafu yako hapo hapo chini yake. Funika kwa kitambaa safi chenye unyevu, mlete siku hiyo hiyo kwenye ndoo, siyo kwenye salfeti iliyofungwa mdomo. Mfupa wake huunga kwa miezi mingi, wakati mwingine mwaka na zaidi, kwa hiyo ukiniuliza wiki ya pili mbona ufa bado upo, nitakuuliza umempaka nini.