Kameo sio kila sini fupi jamani

Juzi tena nimekuta mtu kaandika eti David Bowie, yule mwanamuziki wa Uingereza, kwenye muvi alikuwa mtu wa kameo tu, na waliofuata chini wote wakakubali. Hili neno tunalionea.

Kameo ni pale mtu maarufu anapotokea kidogo kwenye muvi au tamthilia na utamu wake wote ni wewe kumtambua. Basi, ni hivyo tu.

Ila ukijua lilikotoka huwezi kulikosea tena. Ni neno la Waitaliano, cammeo, na lilikuwepo karne nyingi kabla ya sinema maana lenyewe ni jina la kito. Fundi anachukua jiwe kama akiki, lile lenye tabaka za rangi tofauti, anachonga tabaka ya juu mpaka inabaki sura ya mtu imeinuka, tuseme nyeupe, na nyuma yake kahawia au nyeusi. Warumi walikuwa wanachonga watawala wao hivyo. Kitu kidogo cha kuvaa kwenye pete au kifuani, lakini ukikitupia jicho unajua huyu ni fulani. Kwa hiyo udogo upo, sawa, lakini kazi yenyewe ni ile sura, na hapo ndipo watu wanapoacha nusu ya maana njiani.

Kwenye sinema neno lilishika kasi mwaka 1956 na Around the World in 80 Days, prodyuza Michael Todd alijaza mastaa zaidi ya 40 kwenye vipande vidogo vidogo. Mwimbaji Frank Sinatra yumo, anapiga piano baa, kakupa mgongo, alafu anageuka unamwona ni yeye, imeisha hiyo. Mpiga piano hana habari yoyote, unayeondoka naye ni Sinatra.

Sasa Bowie. Zoolander ya 2001, wale wanamitindo wawili wanataka kushindana kutembea, anatokea jamaa anavua miwani anajitolea kuwa jaji, jina lake linaandikwa kabisa kwenye skrini na kipande cha wimbo wake Let's Dance kinalia. Hiyo ni kameo safi, anacheza yeye mwenyewe. Alafu chukua The Prestige ya 2006, hapo anacheza Nikola Tesla, yule mvumbuzi wa mambo ya umeme, haonekani muda mrefu na yeye, ila ana lafudhi nyingine, masharubu, utulivu wa mtu anayejua anachokitengeneza ni hatari, na ile mashine anayomtengenezea mwanamazingaombwe ndio inabeba hadithi mpaka mwisho. Mtoe Tesla muvi inaanguka. Mtoe Bowie kwenye Zoolander unapoteza raha ya dakika mbili tu.

Na kinachoniuma zaidi, ukisema "kameo tu" unafuta kazi ya mtu. Huyu alikuwa stelingi wa The Man Who Fell to Earth mwaka 1976, akawa mfungwa wa vita kwenye Merry Christmas Mr. Lawrence 1983, mfalme wa vibwengo kwenye Labyrinth 1986. Mwaka 1980 akapanda jukwaa la Broadway, kule kwenye kumbi za maigizo za New York, kwenye The Elephant Man, anacheza mtu mwenye ulemavu mkubwa bila mekapu ya kumbadilisha, ni kuupinda mwili na sauti tu, usiku baada ya usiku mbele ya watu. Hayo hakuyaokota, miaka ya 60 alijifunza kuigiza kwa mwili bila maneno kwa Lindsay Kemp, msanii wa maigizo ya aina hiyo, kabla hata wimbo wake Space Oddity haujatoka 1969.

Anayetatiza kweli ni Pilato wake kwenye The Last Temptation of Christ ya 1988, sini moja na katoka. Ukiiita kameo sitakubishia sana, ni fupi kweli. Ila itazame tena, anaongea taratibu kama ofisa mwenye kesi nyingine kumi zinamsubiri nje, hakuna anapokukonyezea kwamba ni Bowie huyu, kwa hiyo mi naiita uhusika mdogo.