Chopsi za nguruwe siku ya kazi: tunayoyaogopa na yanayostahili kuogopwa

Jumatano iliyopita, saa kumi na mbili jioni, nilishuka kwenye daladala kutoka Mtumba nikapitia buchani kabla ya kuingia mtaani kwetu Nkuhungu, hapa Dodoma. Muuza nyama alikuwa ameshainua panga anikatie vipande vidogo vya rosti, kama anavyomkatia kila mtu. Nikamwahi. Nikamwomba akate kwa kukingama uti wa mgongo, kila kipande na mfupa wake, unene wa vidole viwili. Hizo ndizo chopsi.

Akanitazama. "Dada, hivyo havitaiva ndani. Huyu ni mdudu, siyo ng'ombe."

Sikubishana naye, foleni ilikuwa ndefu. Lakini maneno yake ndiyo tuliyokulia nayo wengi wetu: kwamba nguruwe, yaani kitimoto au mdudu, ni chakula cha Jumamosi, cha kukaa baa ukisubiri saa nzima kiletwe na ndizi na kachumbari, na kwamba nyumbani, siku ya kazi, huwezi. Mimi chopsi nne zinanichukua kama robo saa kwenye kikaango kimoja, zikiwa na pilipili na harufu ya moshi. Kinachowashinda watu ni woga, na sehemu kubwa ya woga huo umeelekezwa pasipo pake.

"Lazima ichemshwe kwanza"

Hii ndiyo mama ya hofu zote. Nguruwe achemshwe, akaushwe maji, akaangwe, kisha arostiwe. Kwa nyama ya bega, mbavu na miguu sina ugomvi na utaratibu huo. Zile zina mishipa na mafuta mengi, zinahitaji muda mrefu ndipo zilainike. Nyama ya mgongo ni kitu kingine. Haina mishipa ya kulainishwa, na mafuta yake yamekaa pembeni tu kama upindo wa kanga. Ukiichemsha nusu saa unaikamua maji, halafu unakaanga kilichobaki. Ndipo mtu anatafuna hadi taya linauma, anasema nyama ya nguruwe ni ngumu.

Kinachoivisha nyama ni joto linalofika katikati. Marekani, wizara yao ya kilimo ilikuwa ikiwaambia watu wafikishe chopsi nyuzijoto 71. Mwaka 2011 ikashusha hadi 63, kwa sharti kwamba nyama ipumzishwe dakika 3 kabla ya kukatwa, na ya kusaga ikabaki 71. Hapa Dodoma, mji ulio zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, maji huchemka kwenye nyuzi 96 hivi. Kwa hiyo hata sufuria yetu "isiyochemka sana" inapita kwa mbali joto linalohitajika, na tunaiacha humo saa nzima.

Mimi siishii 63. Ukaguzi wa nyama yetu haulingani kila mahali, na sababu yake naieleza hapa chini, kwa hiyo chopsi zangu nazipeleka 70 kamili. Naziondoa motoni zikiwa 67 au 68, nazifunika kwenye sahani dakika 5, na joto linaendelea kupanda lenyewe. Kipimajoto cha kuchoma kwenye nyama nilikinunua kwa pesa isiyozidi ya kilo chache za kitimoto, na hakuna chombo jikoni kwangu kilichorudisha gharama yake haraka hivyo. Usipokuwa nacho, chana kipande kimoja karibu na mfupa: nyama isiwe mbichi yenye kung'aa, na maji yanayotoka yawe meupe. Rangi pekee ni shahidi wa kuyumba. Kuna nyama iliyoiva inayobaki na wekundu kidogo kando ya mfupa, na kuna iliyopauka ambayo joto halijafika.

"Pilipili na ndimu zinaua minyoo"

Nimeisikia hii kwa watu wenye shahada. Wengine huongeza na bia, eti ya kushushia. Ndimu hubadilisha rangi ya nyama juu juu, inapauka kama iliyopikwa, lakini ndani ni mbichi vilevile. Pilipili inakuunguza wewe tu.

Mnyoo anayesemwa hapa ni tegu wa nguruwe. Anakaa ndani ya nyama kama lengelenge dogo jeupe, ukubwa wa punje ya mchele au zaidi kidogo, na watafiti wamewakuta nguruwe wenye malengelenge hayo Kongwa, hapa hapa mkoani kwetu, na Mbulu pia. Joto la kutosha linamuua. Baridi kali nayo inamuua, nyama ikikaa siku kadhaa kwenye friza inayogandisha kweli. Friza inayozimika kila umeme ukikatika siihesabu.

Sasa sikiliza sehemu ambayo karibu kila mtu anaikosea. Watu husema ukila kitimoto kibichi minyoo inapanda kichwani unapata kifafa. Haiendi hivyo. Ukila nyama yenye malengelenge yasiyoiva, unapata tegu mkubwa tumboni. Malengelenge ya ubongo, yale yanayoleta kifafa, mtu huyapata kwa kumeza mayai ya tegu, na mayai hayo hutoka kwenye kinyesi cha binadamu mwenye tegu. Yanapita kwenye mikono isiyonawiwa, kwenye mboga iliyooshwa kwa maji machafu, kwenye chakula alichokishika mtu aliyetoka chooni. Kwa hiyo hata ambaye hajawahi kuonja nguruwe maisha yake yote anaweza kuugua. Na nguruwe mwenyewe huambukizwa na sisi, anapozurura na kula kinyesi porini. Tunamwita mchafu, kumbe uchafu ni wetu.

Ndiyo maana mimi buchani naangalia mhuri wa mkaguzi kwanza, halafu naigeuza nyama kuona kama ina vipunje vyeupe. Hilo nalo halitoshi, kwa sababu nguruwe mwenye malengelenge machache hupita mkaguzi asimwone. Basi mhuri, nyuzi 70, na sabuni ya mikono. Kachumbari inaoshwa kwa maji safi kwa bidii ileile.

Homa ya nguruwe ya Afrika (siyo mafua ya nguruwe), kwa kuwa huwa inaulizwa hapohapo: inaua nguruwe kwa kasi ya kutisha na kumfilisi mfugaji, lakini haimwambukizi binadamu. Kwenye mlipuko mabucha hufungwa na nyama huzuiwa kusafirishwa ili ugonjwa usihame kijiji hadi kijiji. Amri hiyo iheshimiwe kwa ajili ya mfugaji.

"Babua kwa moto mkali ili ufunge maji ndani"

Hii imetoka mbali. Mwanakemia wa Kijerumani, Justus von Liebig, ndiye aliyeieneza katikati ya miaka ya 1800, na wapishi wameirithi mpaka leo. Weka chopsi kwenye kikaango cha moto usikilize. Ile sauti ya chaa! ni maji yanayotoka kwenye nyama na kugeuka mvuke, na haikomi hata baada ya ganda la kahawia kujitengeneza. Ganda hilo halizuii kitu.

Tunababua kwa ajili ya ladha. Protini na sukari kidogo zilizomo kwenye nyama zikikutana na joto la nyuzi 140 kwenda juu hubadilika, zikatoa ile rangi na harufu inayomfanya jirani aulize unapika nini. Mfaransa Louis-Camille Maillard aliueleza mmenyuko huo mwaka 1912 na ukabaki na jina lake. Sharti lake ni ukavu. Nyama iliyolowa haivuki joto la maji kuchemka mpaka maji yote yaishe, na wakati huo ndani imeshapita kuiva. Kwa hiyo siioshi nyama ya chopsi, maana kuiosha kunarusha vijidudu kwenye sinki na vyombo bila kuisafisha. Naikausha kwa karatasi, pande zote mbili na kwenye mfupa.

Chumvi naipaka asubuhi kabla sijatoka kazini kwenda, samahani, kabla sijatoka nyumbani kwenda kazini (hivyo ndivyo asubuhi zangu zilivyo), naweka kwenye jokofu bila kufunika. Wanasema chumvi mapema inakausha nyama. Mwanzoni kweli inavuta maji nje, lakini ukiipa muda maji hayo yanarudi ndani na chumvi yake, na jioni unakuta juu pamekauka, tayari kwa kikaango. Hiyo ni kwa siku ambazo nyama ninayo nyumbani tangu asubuhi. Jumatano ile niliipaka chumvi dakika tatu kabla ya moto, ikatoka vizuri ila si kama siku nyingine.

"Moshi ukijaa jikoni ndio ladha ya moshi"

Hapa nilikosea mwenyewe, na kwa muda mrefu. Nilikuwa natumia alizeti ya kukamua, ile inayopangwa kwenye madumu kando ya barabara ya Singida. Naipenda kwenye mboga. Lakini alizeti isiyosafishwa huanza kutoa moshi kwenye joto kidogo tu juu ya nyuzi 100, wakati iliyosafishwa huvumilia zaidi ya 220. Nikiwasha moto mkali, jikoni panajaa moshi, watoto wanakohoa, nami najisifu kwamba chopsi zimepata ladha ya kuchomwa. Zilikuwa chungu. Mafuta yaliyoungua ni mafuta yaliyoungua.

Siku hizi siweki mafuta kabisa. Nazisimamisha chopsi zote nne pamoja kwa ule upande wa mafuta, kama vitabu rafuni, kwenye kikaango cha chuma kilichopata moto wa wastani. Dakika tatu nne, mafuta yao yanayeyuka na kutosha. Kisha nazilaza, dakika tatu hivi kila upande, napunguza moto, nafunika mpaka joto lifike.

Moshi wa kweli ni wa kuni. Kuna unga wa paprika ya moshi kwenye supamaketi, na ule wa Uhispania, wa La Vera, hutokana na pilipili zilizokaushwa wiki mbili hivi juu ya moto wa mwaloni. Ni mzuri, ila ghali. Mimi nachukua kaa moja la mkaa, nalishika kwa koleo juu ya moto wa gesi mpaka liwe jekundu lote. Chopsi zikishaiva na moto umezimwa, naweka kibakuli kidogo cha chuma katikati ya kikaango, kaa ndani yake, nadondoshea matone ya yale mafuta ya nguruwe, nafunika haraka. Moshi mweupe mzito unajaa chini ya kifuniko. Dakika 4 zinatosha, ukizidisha nyama inaonja kama jivu. Wazo lenyewe si geni kwetu. Wafugaji wengi wa nyanda hizi, Wamasai wakiwemo, hufukiza vibuyu vya maziwa kwa kijinga cha moto, na anayejua maziwa hayo ataitambua harufu. Kaa ni moja tu na dirisha liko wazi. Jiko zima la mkaa halina nafasi ndani ya nyumba iliyofungwa, sumu yake haina harufu.

"Ukali uko kwenye mbegu"

Uko kwenye utando mweupe unaozishika mbegu. Ukitaka ladha bila mateso, kwangua huo. Viungo vyangu ni kijiko cha chai cha bizari nyembamba, nusu ya pilipili kali ya unga, nusu ya pilipili manga, vyote vikavu, navipaka dakika ya mwisho. Kitunguu saumu na kijiko cha asali ya Manyoni vinaingia moto ukiwa chini, la sivyo vinaungua. Na anayewashwa asikimbilie maji: kinachowasha hakiyeyuki kwenye maji, yanakisambaza tu mdomoni. Mpe maziwa mgando.

Ukoko uliobaki kwenye kikaango naulainisha kwa divai kidogo ya hapa kwetu ikiwepo, au maji na ndimu, nakwangua kwa mwiko, namwagia juu ya nyama. Tulikula na ugali wa uwele na mlenda. Najua, chopsi na mlenda. Jaribuni kabla hamjacheka.

Halafu kuna wale wanaosema kikaango cha chuma hakiguswi na sabuni. Sabuni ya vyombo ya siku hizi haiondoi ule weusi wake mgumu. Kutu ndiyo huletwa na maji yaliyoachwa. Changu nilikisugua, nikakirudisha motoni kikauke, nikapaka alizeti kidogo kwa kitambaa. Alhamisi asubuhi kilikaanga mayai.