Project Zomboid na wenzio wa Unguja na Pemba: yanayosemwa maskani na yalivyo kweli

Watu wanne wanataka kucheza pamoja: mmoja yuko Jang'ombe, wawili Chake Chake, mmoja Wete. Gemu ni Project Zomboid la The Indie Stone, lile la kunusurika na zombi katika jimbo la Kentucky. Tangu toleo la 41 liliporasimishwa Disemba 2021, kucheza kwa mtandao ndiko kulikolipa umaarufu wake wa sasa. Wakikwama, kila mtu ana sababu yake, na nyingi si za kweli. Karibu zote huja kwa kusahau jambo moja: dunia mnayochezea ipo ndani ya mashine moja tu, yaani seva. Wengine wote ni wageni wa mashine hiyo.

"Zombi wanaruka-ruka kwa sababu kifurushi chetu ni kidogo"

Hii ndiyo inayowapotezea watu pesa kuliko zote, kwa sababu mtu hununua kifurushi cha kasi zaidi na zombi wanabaki vilevile.

Kucheza hakuli data nyingi. Kinachokula ni kulishusha gemu lenyewe, ambalo linataka nafasi ya GB 5 kwenye diski, na mods (nyongeza zinazotengenezwa na wachezaji) juu yake. Maongezi ya sauti nayo si mzigo: Discord kwa kiwango chake cha kawaida cha kilobiti 64 kwa sekunde hutumia takriban MB 29 kwa saa kwa kila sauti inayopita. Mkiwa wanne na nyote mkaongea bila kunyamaza, ni kama MB 115 kwa saa. Anayeangalia video pembeni huku anacheza ndiye mwenye kumaliza bando.

Kinachoharibu mchezo ni muda ambao pakiti moja hutumia kwenda na kurudi, yaani pingi, na zaidi ya hapo ni kule kubadilika kwake kila sekunde. Kasi ya Mbps 50 haiufupishi mwendo huo. Mwanga ndani ya waya wa faiba hukata kama kilomita 200,000 kwa sekunde, kwa hiyo kila kilomita 1,000 hukugharimu milisekunde 10 za kwenda na kurudi, hata ungelipa kiasi gani. Kutoka Unguja hadi London ni zaidi ya kilomita 7,000 kwa mstari ulionyooka, na nyaya za baharini hazinyooki. Seva ya kukodi Ulaya basi haitakupa pingi chini ya 70, na kwa kweli utaona zaidi ya hapo kwa mbali. Johannesburg ni kama kilomita 2,500. Mkiikodi seva, tazameni kwanza iko mji gani, bei baadaye.

Lipo na jengine linalowashangaza watu. Katika gemu hili kila zombi hushughulikiwa na kompyuta ya mchezaji mmojawapo aliye karibu naye, si na seva peke yake. Zombi aliyeko miguuni pako anaweza kuwa "wa" mwenzio wa Wete. Simu yake ikipoteza mtandao kwa sekunde mbili, wewe wa Jang'ombe mwenye laini nzuri utamuona zombi akisimama, kisha ghafla yuko shingoni. Kwa hiyo kabla ya kulaumiana, kila mmoja afungue kisanduku cha amri cha Windows, aandike `ping 8.8.8.8 -t`, aiache dakika mbili. Namba zikiwa 90, 92, 91, hana tatizo. Zikiwa 40, 45, 600, 38, halafu "Request timed out", huyo ndiye. Dawa yake mara nyingi ni kuacha Wi-Fi na kuunganisha kompyuta na ruta kwa waya, au kama anatumia hotspoti ya simu, kuunganisha simu kwa kebo ya USB na kuisogeza karibu na dirisha. Na masasisho ya Windows na ya Steam (duka la magemu) yasimamishwe wakati wa mchezo.

"Fungua porti kwenye ruta, wenzio wataingia"

Ni kweli kwa mwenye laini ya faiba yenye anuani ya IP ya umma. Porti, yaani milango ambayo data hupitia, za Zomboid ni 16261 na 16262, zote mbili za aina ya UDP. Watu hufungua za aina ya TCP, au hufungua ya kwanza tu, kisha wanakaa kushangaa.

Lakini wengi wetu tunacheza kwa intaneti ya simu, na kampuni za simu huwaweka wateja wengi nyuma ya anuani moja. Hapo hata ukifungua porti zote, ombi la mwenzio linaishia kwa kampuni, halifiki kwako. Kujua ni rahisi. Ingia kwenye ukurasa wa ruta, tazama IP ya upande wa nje. Kisha fungua tovuti yoyote inayokuonyesha IP yako. Zikitofautiana, au ile ya kwenye ruta ikaanza na 10, au na 100 ikifuatwa na namba kati ya 64 na 127, acha habari za porti.

Njia iliyobaki si ngumu. Mwenye dunia aanzishe kwa kitufe cha Host, akishaingia ndani abonyeze Esc, achague Invite Friends, awatumie mwaliko marafiki wa Steam. Steam yenyewe inatafuta njia ya kuwaunganisha. Ikishindikana, wekeni nyote programu ya mtandao wa ndani wa kubuni kama ZeroTier au Radmin VPN, mjiunge kwenye chumba kimoja, kisha wageni waandike IP ambayo programu hiyo imempa mwenyeji, pamoja na porti 16261. Ukuta wa moto wa Windows ukiuliza kama uiruhusu Java au Zomboid, iruhusu kwa mitandao ya binafsi na ya umma, kwani mtandao wa kubuni mara nyingi huhesabiwa kuwa wa umma.

Mkiwa ndani ya nyumba moja mnatumia ruta moja, hayo yote hayawahusu: ingieni kwa IP ya ndani, ile inayoanza na 192.168.

"Sote tuna Zomboid, basi tunaingiliana"

"Yakhe, mbona kwangu inasema version haiko sawa na mimi nimenunua jana?" Ujumbe wa sauti wa namna hii hauachi kuja. Toleo la 41 na la 42 haziingiliani, na tangu la 42 litolewe kwa majaribio Disemba 2024 vikundi vimejaa watu walio nusu huku nusu kule. Bonyeza gemu kwa kitufe cha kulia ndani ya Steam, nenda Properties, kisha Betas, muone wote mko tawi moja. Namba kamili imeandikwa kwenye ukurasa wa mwanzo wa gemu, na lazima ifanane.

Windows, Mac na Linux huchanganyika bila shida. Aliyenunua GOG (duka jengine la magemu) na aliyenunua Steam hawachanganyiki hivihivi: inabidi seva ianzishwe kwa `-nosteam`, na wa Steam nao waanzishe gemu lao hivyohivyo.

Mods ndizo zenye vurugu. Mwenyeji anapoziongeza kuna vichupo viwili, Steam Workshop (ghala la mods la Steam) na Mods, na mod ni lazima iwekwe kote kuwili. Ya kwanza inasema kitu gani kishushwe, ya pili inasema kiwashwe. Akiweka ya kwanza tu, wageni watashusha MB mia mbili za gari na hakuna gari litakaloonekana. Tena mod moja ikisasishwa na mtunzi wake wakati seva inaendelea, anayeingia baadaye huambiwa toleo lake la Workshop ni tofauti na la seva. Mgeni hana kosa hapo. Mwenyeji ndiye azime seva na kuiwasha upya ili nayo ichukue jipya. Bado ikikataa, mgeni ajiondoe kwenye mod hiyo, ajiunge tena, kisha aikague gemu kwa Verify integrity. Kwa maoni yetu, wiki ya kwanza chezeni bila mod hata moja. Mtajua tatizo ni la mtandao au la vikorokoro.

"Mwenyeji akienda daku, sisi tunaendelea"

Hamuendelei. Aliyeanzisha kwa Host akitoka, seva imezimika na dunia imezimika nayo. Wakati wa Ramadhani, watu wanapoanza kucheza baada ya Tarawehe na kila nyumba ina saa yake ya daku, hili lipangwe mapema. Chagueni mwenyeji kwa mtu mwenye umeme na mtandao wa kutegemewa, si kwa mwenye kompyuta ya kupendeza.

Umeme nao si kitu kimoja kwa visiwa viwili. Unguja hulishwa kwa waya wa baharini kutoka upande wa Dar es Salaam, Pemba kwa waya wake kutoka Tanga tangu 2010. Kwa hiyo Chake inaweza kuwa kiza na Mjini kunawaka, na kinyume chake. Seva ikikatikiwa na umeme, kilichopotea ni kile ambacho hakijaandikwa kwenye diski, na Zomboid kwa kawaida huandika eneo pale wachezaji wanapoondoka eneo hilo. Mliokaa saa nzima mnajenga ukuta wa ngome yenu hamjaondoka popote. Fungua faili la `servertest.ini` lililo ndani ya folda ya Zomboid, kisha Server, tafuta `SaveWorldEveryMinutes`. Imewekwa 0. Iandike 10. Hapohapo kuna `BackupsCount=5`, nakala tano za akiba zinazowekwa kwenye folda ya backups kila seva inapoanza, na zimeshaokoa dunia nyingi.

Kuihamisha dunia kwa mwenyeji mwengine kunawezekana, na wengi hawajui. Nakilini vitu vitatu: folda ya `servertest` iliyo ndani ya Saves\Multiplayer, faili la `servertest.db` lililo ndani ya db, na mafaili yote yanayoanza na servertest ndani ya Server. Seva iwe imezimwa kabisa wakati wa kunakili. Kila mtu aingie kwa jina lake lilelile na akaunti ileile ya Steam, la sivyo atazaliwa upya bila kitu. USB inatosha. Boti za Unguja na Pemba hazikosekani.

Mkiwa na seva ya kukodi, hofu ya kwamba chakula kitaoza nanyi mko skuli au kazini haina msingi: `PauseEmpty` imewashwa tangu mwanzo, na saa ya dunia husimama asipokuwepo mtu.

Jambo moja kuhusu RAM: kitufe cha Host huendesha programu mbili kwa pamoja, gemu lako na seva. Kwenye mashine ya GB 8 ukiipa seva GB 6, gemu litakosa pumzi na utadhani ni mtandao. GB 2 au 3 zinatosha watu wanne wasio na mods nyingi.

Mengine ya ndani ya mchezo

Kila mtu lazima anunue lake? Kwa mtandao, ndiyo. Kushirikishana kwa familia ndani ya Steam hakuruhusu nakala moja kuchezwa na wawili kwa wakati mmoja. Lakini kompyuta moja hugawa kioo kwa watu hadi wanne kwa nakala moja, wa kwanza kwa kibodi na wengine kwa kontrola.

"Tutaanzia pamoja" si kweli. Kila mmoja huchagua mji, Muldraugh, West Point, Riverside au Rosewood, na hata mkichagua mmoja nyumba hutofautiana. Ramani nayo haikuonyeshi wenzio mpaka mwenyeji aweke `MapRemotePlayerVisibility=3` kwenye `servertest.ini`.

Zombi hawaongezeki kwa kuwa mmekuwa wengi. Idadi hupangwa na mipangilio ya dunia: kwa kawaida kizidisho chake huanza na 1.0 na kupanda hadi 1.5 siku ya 28. Kinachoongezeka ni makelele yenu.

Kumuumiza mwenzio kunawezekana tangu mwanzo, kwani `PVP` (mchezaji kumpiga mchezaji) imewashwa. Ulinzi uliopo ni alama ya fuvu kando ya jina, na inatosha mmoja wenu tu awe ameiwasha ili muumizane. Marafiki andikeni `PVP=false`. Moto hauiheshimu mipangilio hiyo, kwa hiyo mwenye kurusha chupa ya petroli ndani ya nyumba amewachoma wote.

Usiku haupiti kwa mmoja kulala. Kulala kumezimwa kabisa kwenye seva. Mkitaka, washeni `SleepAllowed` na `SleepNeeded`, na saa itakimbia pale tu wote walio mtandaoni wamelala. Mmoja akibaki anapanga makabati, mnamsubiri.

Na bandeji ya rafiki haiondoi maambukizi. Mkwaruzo una uwezekano wa asilimia 7, kuchanika asilimia 25, kuumwa asilimia 100, na hakuna dawa. Aliyeumwa ana siku mbili hadi tatu za mchezo. Azitumie kugawa vitu vyake, kwa sababu akigeuka, mkoba wake utakuwa unatembea nao mtu mwenye kutaka kukuuma.