Kuwahi si kupatia: udhibiti tangulizi hauondoi mrejesho

Wengi huamini kwamba udhibiti tangulizi, kwa kuwa huchukua hatua kabla kosa halijatokea, unaweza kuchukua nafasi ya udhibiti wa mrejesho, yaani ule unaopima matokeo na kusahihisha kosa lililojitokeza. Si kweli. Mfumo tangulizi hupima usumbufu unaoingia (badiliko la nje linaloweza kuvuruga matokeo) na kukokotoa hatua kwa kutumia modeli, yaani maelezo ya kihisabati ya jinsi mfumo unavyofanya kazi. Matokeo yenyewe hauyaangalii. Modeli ikikosea kidogo, au ukitokea usumbufu usiopimwa, kosa hubaki palepale.

Mrejesho pekee nao hudanganyika. Chukua boila ya mvuke: matumizi ya mvuke yakipanda ghafla, shinikizo hushuka, mapovu hutanuka, na kina cha maji ndani ya tangi huonekana kupanda ilhali maji yanapungua. Mrejesho ungepunguza maji yanayoingia, yaani kinyume kabisa cha kinachohitajika! Ndiyo maana boila kubwa nyingi hupimwa vitu vitatu: mtiririko wa mvuke, mtiririko wa maji yanayoingia, na kina chenyewe. Mvuke unaotoka hutangulia kuamua kiasi cha maji. Kina husahihisha polepole kosa linalosalia.

Na mfumo usio thabiti kwa asili yake, yaani ambao ukiyumba kidogo huzidi kuyumba, kama roketi inayopaa? Huo hausimami bila mrejesho, hata modeli iwe nzuri namna gani.