Jairoskopu haipunguzi uzito, wala haiendeshi ndege bila mafuta

Kuna ujumbe unaozunguka kwenye magrupu, pamoja na video ya boksi linalojisogeza mezani, ukidai kwamba jairoskopu (gurudumu linalozunguka kwa kasi kwenye ekseli yake) ikizungushwa kwa kasi hupoteza uzito, hivyo inaweza kuinua ndege au kusukuma gari bila mafuta. Si kweli.

Pima mwenyewe. Funga kamba kwenye ncha moja ya ekseli ya gurudumu la baiskeli, itundike kwenye mizani ya ndoano, zungusha gurudumu kwa nguvu likiwa wima, kisha liachie. Halianguki, linaizunguka kamba polepole. Inashangaza kweli, na hapo ndipo wengi hupotea. Lakini soma mizani ikishatulia: kilo ni zilezile. Uzito wote umebebwa na kamba.

Na lile boksi la kwenye video linalojisogeza mezani? Linatumia msuguano wa meza: vilivyomo ndani husogea polepole upande huu, kwa ghafla upande ule. Litundike kwa nyuzi mbili ndefu, litayumba palepale.

Jairoskopu hugeuza chombo cha angani, haikisukumi. Kituo cha Anga cha Kimataifa kina nne kubwa za kukigeuza, ila kukipandisha juu bado huwashwa injini za roketi.

Ukiletewa ujumbe huo usiusambaze. Mjibu aliyekutumia kwa jaribio la mizani.