Muulize jiko lilikuwa wapi

Mi natengeneza dokumentari za majumba, yaani nyumba na watu waliomo, na vijana wanaoanza kazi hii huwa wananiuliza utapataje habari za utaifa ndani ya chumba cha mtu. Kwanza usimuulize. Zamani nilikuwa namkalisha mtu mbele ya kamera, "wewe unajiona Mzanzibari au Mtanzania?", basi anajiweka sawa, anakohoa, anaanza kukuhutubia utadhani yuko mkutano wa hadhara. Huko kwenye kuhariri hupati hata sekunde kumi za maana.

Siku hizi nauliza jiko lilikuwa wapi.

Chukua Michenzani hapa Unguja. Kabla ya Mapinduzi ya 1964 sehemu kubwa ya Ng'ambo, yaani mitaa ya upande wa pili wa Mji Mkongwe, ilikuwa nyumba za miti na udongo, makuti juu, uwani kwa nyuma, alafu serikali ya Mzee Karume ikaleta wataalamu wa Ujerumani Mashariki, nyumba zikavunjwa, zikaja zile blok ndefu za zege ambazo wenyewe tunaziita treni. Sasa hebu fikiria, nchi iliyoleta wale wataalamu haipo tangu 1990, na ile Jamhuri ya Watu wa Zanzibar iliyoanza nao urafiki haikufika hata miezi minne, Aprili 26 mwaka ule ule Muungano ukaja. Treni zipo, watu wameanika nguo.

Kuna mama mmoja, ghorofa ya tatu, nilimwomba anitembeze nyumba yao iliyovunjwa, humo humo sebuleni kwake. Akavua ndala. "Hapa ukumbi mwanangu, hapa chumba cha bibi", anapima kwa hatua, akafika mahali akainua kanga kidogo na kunyanyua mguu juu, anavuka kizingiti. Hakuna kizingiti pale, ni sakafu tu! Akaendelea mpaka akagonga ukuta, akacheka sana, maana kisima kimeangukia kwa jirani.

Serikali hakuna aliyeitaja, ila akaanza mwenyewe kueleza siku waliyohamia, walivyofurahi kuona umeme na maji ya bomba, na bibi yake alivyobeba mkeka usiku akaenda kulala chini kwenye ngazi kwa sababu hawezi, anasema, kulala juu ya vichwa vya watu. Yote mawili yamo kwenye sentensi moja na mi sikati. Wapo watengenezaji watakaobakisha bibi na ngazi tu ili filamu iwe ya huzuni, wengine wabakishe bomba tu, na kwangu hao wote ni wavivu.

Kwa hiyo mtu atembee, usimkalishe, kamera ishuke usawa wa miguu, na usizumu hovyo. Alafu rekodi kimya cha kila chumba, angalau dakika moja, utakihitaji kuziba mashimo ya sauti. Vyumba havifanani. Nyumba za Mji Mkongwe zina kuta nene za mawe na chokaa, vyumba vyembamba kwa sababu upana wake unafuata urefu wa boriti za mikoko, sauti inatulia. Kwenye treni zege inarudisha kila kitu, mpaka kijiko cha jirani.

Na friza lazima izimwe, ile ngurumo yake ni tabu kuitoa vizuri baadaye kwa programu. Mafundi sauti wana ujanja wao, ukizima tu tia funguo zako za gari ndani, hutoondoka bila kuiwasha. Mimi siku ile nilikuja na daladala. Mama anauza barafu za ukwaju, na asubuhi nilipopiga simu kumshukuru akaniambia njoo, uje na jagi. Nililipa zote, na tukazinywa zote.