Filamu za pinku za Japani: yale yalikuwa maigizo

Wengi bado wanaamini kwamba waigizaji wa kike wa pinku, filamu za watu wazima zilizoanza Japani miaka ya 1960, walifanya ngono halisi mbele ya kamera. Sivyo, waliigiza. Sehemu za siri zilifunikwa kwa maebari, kipande kinachobandikwa kwenye ngozi. Jasho likizidi, gundi huachia na upigaji picha husimama. Mkanda wa milimita 35 ulikuwa ghali, kwa hiyo walifanya mazoezi kwanza, kisha mara nyingi wakapiga picha ya tukio mara moja tu. Sauti iliingizwa baadaye studioni, neno na pumzi vikienda sawa na midomo kwenye picha. Hiyo ni kazi ngumu, inastahili heshima. Naomi Tani, mmoja wa waigizaji hao, aliianza 1967, aking'ara katika studio ya filamu ya Nikkatsu kuanzia 1974, akastaafu 1979.